Jina Fupi, Historia Ndefu: Asili na Maana ya Majina Mafupi ya Watu



Napenda kuanza mhadhara huu kwa jina moja ambalo halina haja ya kutambulishwa katika ukumbi huu: Asha. Nikiuliza maana yake, wengi mtasema kwamba Asha ni Aisha, jina la mke wa Mtume Muhammad, na kwamba kwa Kiarabu linatokana na mzizi unaohusu kuishi. Aisha ni aliye hai, mwenye uhai. Jibu hilo ni sahihi. Lakini mwimbaji mashuhuri wa filamu za Kihindi, Asha Bhosle, aliyezaliwa mwaka 1933, hana jina hilo. Asha yake ni neno lenye asili ya Kisanskriti, nalo maana yake ni tumaini. Na katika Kiavesta, lugha ya maandiko ya kale ya Wazoroasta, asha ni neno kuu la dini, maana yake ukweli na utaratibu wa haki unaoshikilia ulimwengu.

Katika Mji Mkongwe wa Unguja waliishi, mtaa kwa mtaa, Waswahili, Wahindi na Waparsi wafuasi wa dini hiyo ya Zoroasta. Sauti hizo tatu, a-sh-a, zingeweza kusikika katika nyumba tatu zinazopakana na kuwa maneno matatu yasiyo na undugu wowote. Hapo ndipo lilipo tatizo ninalotaka tulijadili. Kadiri jina linavyokuwa fupi, ndivyo linavyozidi kufanana na majina na maneno ya lugha nyingine kwa bahati tu. Kwa hiyo jina fupi haliwezi kuelezwa kwa umbo lake peke yake. Lazima liulizwe historia yake.

Hoja yangu ni kwamba maana ya jina la mtu ina tabaka tatu, na mtafiti anayezichanganya hupotea. Tabaka la kwanza ni asili ya neno: limetoka lugha gani, na huko lilikuwa na maana gani? La pili ni safari ya jina: lilifikaje katika jamii hii, na lilibadilikaje njiani? La tatu ni sababu ya kupewa: nani alimpa nani, lini, na kwa nini? Kamusi hujibu swali la kwanza. Isimu hujibu la pili. La tatu hujibiwa na historia pekee, na ndilo lililosahauliwa zaidi.

1. Jinsi jina linavyofupishwa

Tuanze na safari. Majina mengi ya Waswahili yametoka katika Kiarabu, na yalipoingia katika Kiswahili yalitii kanuni za lugha iliyoyapokea. Kiswahili hupenda silabi iishie na irabu, na mkazo huangukia silabi ya pili kutoka mwisho. Hivyo Fatima akawa Fatuma, Zaynab akawa Zainabu, na Khadija akawa Hadija. Hatua hiyo ya kwanza hukamilika kabla mtu hajaanza kufupisha chochote.

Hatua ya pili ni ufupisho wa mapenzi au wa mazoea, unaofanywa nyumbani, shuleni na vijiweni. Hapa umbo linalotafutwa mara nyingi ni silabi mbili, ambazo ndizo kipimo kidogo kinachoweza kubeba mkazo wa Kiswahili bila taabu. Zipo njia mbili kuu. Njia moja ni kubakiza mwanzo wa jina: Ramadhani huwa Rama, Selemani huwa Sele, Fatuma huwa Fatu. Njia nyingine ni kubakiza mwisho: Hadija huwa Dija, Fatuma huwa Tuma, Abdallah huwa Dula, na Rashidi huwa Chidi. Katika Rashidi tunaona jambo la ziada, yaani sauti /sh/ kugeuka /ch/. Mabadiliko ya namna hii si ya ajabu katika lugha ya mapenzi, kwa kuwa watu wazima huiga matamshi ya watoto wanapowaita watoto.

Sasa tazameni matokeo yake. Rama wa Kariakoo ni mtoto wa mwezi wa Ramadhani. Rama wa jirani yake Mhindi ni shujaa wa Ramayana. Chidi wa Dar es Salaam ni Rashidi, yaani mwongofu, lakini Chidi wa Nigeria ya mashariki ni sentensi kamili ya Kiigbo, isemayo kwamba Mungu yupo. Hata ndani ya Kiswahili chenyewe, Tuma aliye Fatuma hana uhusiano na kitenzi kutuma, na Sefu, ambaye asili yake ni neno la Kiarabu lenye maana ya upanga, hana uhusiano na sefu ya chuma inayotunza fedha ofisini, ambayo imetoka Kiingereza. Mwanafunzi anayeanza na kamusi ya Kiswahili atapata neno, na neno hilo litamdanganya.

2. Siku, miezi na idadi

Kundi kubwa la majina mafupi ya pwani ni yale ya wakati. Juma ni mtoto wa Ijumaa, Hamisi ni wa Alhamisi. Mwaka ni msichana aliyezaliwa karibu na sikukuu ya mwaka mpya, ile ambayo Makunduchi huadhimishwa kwa Mwaka Kogwa. Idi, Rajabu, Shaabani na Ramadhani huelekeza kwenye kalenda ya Kiislamu.

Kwa asili ya neno, Ijumaa inatokana na mzizi wa Kiarabu wa kukusanyika, kwa kuwa ndiyo siku ya sala ya jamaa. Je, tuseme basi kwamba maana ya Juma ni mkusanyiko? Hapana. Mama wa Kiswahili aliyemwita mwanawe Juma hakufikiri juu ya mzizi wa Kiarabu. Alifikiri juu ya siku. Asili ya neno ni mkusanyiko, sababu ya jina ni siku. Mambo hayo mawili yasichanganywe.

Majina ya idadi yana utata wake. Mosi, Pili na Tatu yanaweza kuhesabu watoto, yaani wa kwanza, wa pili na wa tatu. Lakini juma la Waswahili nalo huhesabiwa kuanzia siku inayofuata Ijumaa: Jumamosi, Jumapili, Jumatatu. Binti anayeitwa Tatu anaweza kuwa mtoto wa tatu, au mtoto wa Jumatatu, au amerithi jina la bibi yake ambaye ndiye aliyekuwa wa tatu. Umbo la jina halitatui jambo hilo. Anayelitatua ni mama yake, au shangazi yake, au kaburi la bibi yake.

Kwa ulinganisho, tuwatazame Waakan wa Ghana. Kwao, kila mtoto ana jina la siku aliyozaliwa, awe na majina mengine mangapi. Mvulana wa Ijumaa ni Kofi, msichana wa siku hiyo ni Afua au Efua. Mvulana wa Jumamosi ni Kwame. Jina hilo huitwa kradin, yaani jina la roho, kwa kuwa roho ya mtu huaminiwa kuhusiana na siku aliyoingia duniani. Kofi Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, alizaliwa Kumasi tarehe 8 Aprili 1938, na siku hiyo ilikuwa Ijumaa. Jina na kalenda vinakubaliana.

Mtu angeweza kusema basi kwamba Kofi ni Juma wa Ghana. Kwa siku, ndiyo. Kwa desturi, sivyo. Kwa Waakan jina la siku ni la lazima na linamhusu kila mtu. Kwa Waswahili ni hiari: wapo waliozaliwa Ijumaa wasioitwa Juma, na wapo kina Juma waliorithi jina la babu bila kujali siku. Mfano ulio bora tunao katika fasihi yetu wenyewe. Shaaban Robert, kwa tarehe inayokubalika, alizaliwa 1 Januari 1909. Tukiigeuza tarehe hiyo kwa kalenda ya Kiislamu, tunaangukia mwaka 1326 katika mwezi wa Dhulhija, ambao Waswahili huuita Mfunguo Tatu. Si mwezi wa Shaabani. Kama tarehe hiyo ni sahihi, basi jina la mwandishi wetu mkuu halikutokana na mwezi wa kuzaliwa kwake, na anayeandika kwamba aliitwa Shaaban kwa kuwa alizaliwa mwezi huo amesoma jina bila kusoma kalenda.

3. Majina ya kinga

Kundi jingine ni majina yanayoonekana mabaya kwa makusudi. Tabu, Shida, Mashaka, Sikitu. Mgeni asiyejua hudhani kwamba wazazi hawakumpenda mtoto. Ukweli mara nyingi ni kinyume. Nyumba iliyozika watoto kadhaa humwita anayefuata Sikitu, si kitu, ili jicho la husuda na mkono wa mauti vimpite vikidhani hakuna cha kuchukua. Jina ni pazia. Majina mengine, kama Shida, huweza kuwa kumbukumbu ya hali ya mama wakati wa kujifungua, na mengine, kama Sikujua na Sikudhani, huwa ni maneno anayosemwa nayo mume, mke mwenza au jirani, bila mtu kugombana na mtu.

Fikra hiyo si yetu peke yetu. Wayoruba wana majina ya abiku, mtoto anayeaminiwa kufa na kurudi tumboni tena na tena. Malomo ni ombi kwamba asiondoke tena. Kokumo ni tamko kwamba hafi tena. Tofauti ya mbinu inastahili kuangaliwa. Mzazi wa Kiyoruba humsemesha mtoto na kumsihi abaki. Mzazi wa Kiswahili anayemwita mwanawe Sikitu huisemesha hatari iliyo nje ya mtoto na kuihadaa. Msiba ni mmoja, lakini anayeambiwa si mmoja. Hakuna kamusi itakayotuonyesha hilo kwa kutupa tafsiri ya neno tu.

4. Majina ya walionyang'anywa majina

Nimefika katika sehemu iliyo nzito zaidi, na ndiyo iliyonifanya nichague mada hii.

Yapata mwaka 1880, katika kijiji cha Fumba, Unguja, alizaliwa mtoto wa kike aliyeitwa Mtumwa binti Saad. Mwanaisimu anaweza kulichambua jina hilo kwa ustadi: ni nomino itokanayo na kitenzi tuma katika kauli ya kutendwa, yaani aliyetumwa. Ni ndugu wa neno mtume. Kwa uchambuzi huo jina linapata hata heshima. Uchambuzi huo ni sahihi kisarufi, lakini kihistoria ni uongo. Mtoto huyo alizaliwa katika kisiwa ambamo utumwa ulikuwa bado halali. Amri ya kuuondoa ilitolewa tarehe 6 Aprili 1897. Kwa masikio ya Fumba ya 1880, Mtumwa halikuwa jina la aliyetumwa ujumbe. Lilikuwa jina la mtu anayemilikiwa.

Mtoto huyo alikua, akauza vyungu, akahamia mjini mwaka 1911, na huko sauti yake ikamfanya aitwe Siti. Asili ya neno hilo ni Kiarabu, bibi yangu, na kwa Waswahili ni tamko la heshima kwa mwanamke wa daraja ya juu. Mwaka 1928 alisafiri hadi Bombay kurekodi sahani za santuri kwa Kiswahili. Alifariki mwaka 1950, na Shaaban Robert ndiye aliyeandika wasifu wake. Hatua kutoka Mtumwa hadi Siti ni ya silabi tatu kwenda mbili. Kijamii ni hatua kutoka daraja ya chini kabisa hadi ile iliyokuwa ya mabibi wa waungwana. Anayeeleza jina la Siti kwa kusema tu kwamba maana yake ni bibi hajasema hata nusu ya habari. Jina hilo ni jibu, na lazima tujue swali lililojibiwa.

Mtumwa ni jina linalofichua. Yapo mengine yanayoficha. Katika safari za karne ya 19 kutoka pwani kwenda bara tunakutana na majina kama Mabruki, Baraka na Feruzi. Yanapendeza. Mabruki ni aliyebarikiwa. Feruzi ni jiwe la thamani lenye rangi ya samawati, na asili yake ni Kiajemi. Lakini katika nchi za Waarabu na Waajemi, na kwetu pwani pia, ilikuwa ni desturi ya mabwana kuwaita watumwa wao majina ya vito na ya bahati njema: Feruzi, Almasi, Marijani, Mabruki. Mtumwa alipewa jina kama pambo linavyopewa thamani, kwa furaha ya mwenye nalo. Siku hizi hatuwezi kusema kwamba kila Almasi ni wa ukoo wa watumwa. Majina yameenea na yamekombolewa na wanaoyabeba. Lakini hatuwezi pia kusema kwamba uzuri wa neno ni ushahidi wa uzuri wa siku lilipotolewa.

Wapo pia waliobaki na majina ya kwao, na hao wanatudai uangalifu wa namna nyingine. David Livingstone alipofariki mwezi Mei 1873, waliouchukua mwili wake hadi pwani, katika safari iliyofika Bagamoyo Februari 1874, waliongozwa na Susi na Chuma. Sikio la Mswahili likisikia Chuma hufikiri madini. Lakini Chuma alikuwa Myao, alikombolewa kutoka mikononi mwa wafanyabiashara ya watumwa mwaka 1861 akiwa bado kijana. Katika Chichewa, lugha jirani na ya Wayao, chuma ni mali, utajiri. Basi utafiti wa jina lake uanzie huko, katika lugha za Ziwa Nyasa, wala si katika kamusi yetu ya pwani. Kumfanya awe kipande cha madini kwa kuwa neno letu limefanana na lake ni kumnyang'anya mara ya pili.

Upande wa pili wa Afrika historia ni hiyohiyo. Mwezi Februari 1763 watumwa wa Berbice, katika nchi inayoitwa leo Guyana, waliasi chini ya kiongozi anayejulikana kwa jina la Cuffy. Tahajia hiyo haina maana yoyote kwa Kiingereza. Mtu akijua Kiakan ataona mara moja kwamba ni Kofi, mtoto wa Ijumaa. Silabi mbili zilivuka bahari pale ambapo mali, ukoo na lugha vilizama. Huko Jamaika, jina Quashie, ambalo ni Kwasi, mtoto wa Jumapili, liligeuzwa na wenye mashamba kuwa neno la dharau kwa mtu mweusi yeyote. Jina moja limebaki shujaa wa taifa, jingine likafanywa tusi, na yote mawili ni majina ya siku tu.

5. Majina yanayosafiri leo

Majina mafupi ya Kiswahili nayo yamesafiri. Mwaka 1966 Maulana Karenga alianzisha huko Marekani sikukuu ya Kwanzaa, yenye misingi saba iliyopewa majina ya Kiswahili. Miwili kati ya hiyo, Nia na Imani, imekuwa majina ya wasichana katika familia za Wamarekani Weusi. Hapa kwetu nia ni neno la kila siku. Huko limekuwa jina, nalo hubeba kusudi la watu waliotaka kurudisha kile kilichozama baharini. Wakati huohuo, huko Wales, Nia ni jina la wasichana litokanalo na jina la Kiayalandi Niamh, lenye maana ya mng'aro.

Je, mzazi wa Chicago amekosea kumwita binti yake Nia, kwa kuwa Waswahili wenyewe hawakuwa na desturi ya kuita hivyo? La hasha. Maana ya tatu, ile ya sababu, ni mali ya anayetoa jina, na inaweza kuanza upya popote. Kosa ni la mwandishi wa orodha za majina anayeweka mbele ya kila jina maana moja, kama bei mbele ya bidhaa, na kumwambia msomaji kwamba hiyo ndiyo maana.

6. Hitimisho

Nimejaribu kuonyesha kwamba ufupi wa jina si ufupi wa habari zake. Asha, Rama na Chidi vimetufundisha kwamba mfanano wa sauti si undugu. Juma na Kofi vimetufundisha kwamba siku ileile inaweza kuongozwa na desturi mbili. Sikitu imetufundisha kwamba neno la kudharau linaweza kuwa la mapenzi, na Feruzi imetufundisha kinyume chake. Mtumwa na Siti vimetufundisha kwamba sarufi bila historia inaweza kumsafisha aliyetenda dhuluma.

Kwa wanafunzi nina ombi moja. Kabla hamjafungua kamusi kutafuta maana za majina yenu, waulizeni wazee waliokuwepo mlipopewa. Ulizeni nani alilitaja jina kwanza, nani alikataa, na jina hilo lilikuwa la nani kabla halijawa lenu. Andikeni majibu yao pamoja na mwaka na mahali. Kazi ya namna hiyo haihitaji fedha nyingi. Inahitaji haraka, kwa kuwa maktaba zake ni watu, na watu hao wana umri mkubwa.

Wahenga walisema jina jema hung'ara gizani. Kazi yetu sisi wa taaluma ni kuuliza pia ni nani aliyelitia gizani, na ni nani aliyeliwasha.